Mmarekani Msibani

Kitabu kile kilikuwa na kurasa mia tano na kumi na nane na jalada gumu la kijani. Nyuma yake palikuwa na picha ya mshairi mwenyewe, Mzungu mwenye ndevu, amekaa kizingitini pa nyumba ya mbao, miguu peku. Humo mlikuwa na mashairi yake yote tangu ujana wake, na mwenyewe alikuwa angali hai. Nilipewa mwaka 1969 na mwalimu wetu wa Kiingereza, kijana wa Kimarekani aliyefundisha darasa la jioni pale Temeke, siku aliyofungasha kurudi kwao. Darasani tulikuwa watu thelathini na mmoja. Akanipa mimi.

Wakati huo nilikuwa msaidizi wa stoo katika kiwanda cha rangi. Shule ya mchana niliishia darasa la nne, huko Songea. Kila jioni nilivua ovaroli, nikaoga, nikavaa shati jeupe na kwenda darasani, nikiwapita wenzangu wanacheza bao. Kitabu nilikitengenezea rafu yake peke yake sebuleni, na mgeni akiingia alikiona kabla hajaona kiti. Majirani wakakiita Mmarekani.

"Polikarpo, Mmarekani hajambo?" waliniuliza njiani.

"Hajambo. Jana kanipa mambo mazito."

Wote waliridhika na jibu hilo, isipokuwa shangazi Margareta. Yeye ndiye aliyenilea baada ya mama yangu kufariki, na uzeeni nikamleta kutoka Peramiho akae nasi. Hakujua kusoma. Nilipokaa na kitabu na kamusi, yeye alikuwa mkekani anachekecha unga, na kila mara aliniuliza, "Leo anasemaje, Poli?"

"Mambo mazito, shangazi. Huwezi kuyaelewa hivi hivi tu."

Nilimjibu hivyo miaka mitatu.

Ukweli sikumwambia mtu, hata mke wangu Sesilia. Nilikuwa sikielewi. Maneno hayakunishinda, niliyatafuta moja moja katika kamusi na kuyaandika pembeni kwa penseli. Maneno yote ninayo, shairi silioni. Hakuna vina, hakuna mizani. Hapa mtu anatengeneza pampu ya maji. Pale mtu anatafuta soksi. Nilisoma mara tatu, mara nne, nikilitafuta fumbo, maana darasani tulifundishwa kwamba ushairi una fumbo, kisha nikafunga kitabu kichwa kinaniuma. Nilijiambia kwamba mtu hawezi kuchapishiwa kurasa mia tano, kwa jalada kama lile, kwa ajili ya soksi. Kwa hiyo kosa lilikuwa langu, na kosa hilo nililificha.

Shangazi alifariki mwezi wa sita mwaka 1972, kwa kifua. Tulimzika vizuri, padri akaja, majirani wakajaa uani.

Sasa, sisi Wangoni na Wazaramo ni watani. Mtani akija msibani ana haki yake: huwadhihaki wafiwa mpaka wacheke, na anaweza kuchukua kitu chochote cha nyumba ile akakishikilia mpaka kikombolewe kwa sharti lake. Mfiwa haruhusiwi kukasirika. Akikasirika, kosa ni lake. Mtani wetu alikuwa Mwishehe, muuza nazi wa sokoni, aliyekaa nyumba ya tatu kutoka kwetu.

Siku ya pili ya matanga Mwishehe aliingia sebuleni kwangu. Akaipita redio mpya. Akaipita baiskeli. Akatoka na kitabu, amekibeba mikononi kama mtoto mchanga.

"Jamani!" alipaza sauti. "Nyie mnalia huku, mgeni mmemsahau ndani! Katoka Marekani kwa miguu, angalieni, viatu vimeishia njiani!"

Akakilaza mkekani katikati ya wanaume, picha ikitazama juu. "Mpeni wali. Mpeni, ana njaa huyu, hamuoni ndevu zilivyosinyaa?"

Watu waliokuwa wanalia tangu jana wakacheka mpaka wakashika mbavu. Mtu akaleta sahani kweli, akaiweka mbele ya kitabu, na tone la mchuzi likadondokea jalada.

"Mwishehe," nikasema, "hicho si kitu cha mchezo."

"Eh! Mfiwa kakasirika?"

"Sijakasirika."

"Mbona mishipa ya shingo imesimama? Babu zako walitoka kwa Wazulu na mikuki, wakatukimbiza sie mpaka baharini. Leo mjukuu anatetemekea karatasi!"

Nilimwita pembeni, karibu na choo, nikampa noti. Hata hakuitazama.

"Hela nitapata kwa nazi, mtani. Mie nataka kitu kimoja. Kesho tunaanua matanga. Utasimama mbele ya watu, utuambie huyu Mmarekani wako anasema nini. Shairi moja tu, kwa Kiswahili. Ukishindwa, namkabidhi mke wangu. Anauza karanga, na kurasa mia tano ni kufungia karanga mwezi mzima."

"Nipe basi kitabu nijiandae."

"Ujiandae? Si umekisoma miaka mitatu?"

Akakitia kwapani, akaenda zake.

Asubuhi nilikaa nyuma ya nyumba na penseli. Nilikusudia kutunga shairi langu mwenyewe juu ya kifo, lenye vina vizuri, nimsingizie Mmarekani. Nani angejua? Nilipata mistari miwili. Sesilia alipita na ndoo akasimama.

"Unaandika nini, Baba Avelina? Si useme tu anachosema."

"Hasemi kitu."

Likanitoka hivyo. Sesilia akatua ndoo. "Miaka mitatu unakaa taa inaungua kwa mtu asiyesema kitu?"

"Namaanisha, anasema vitu vidogo. Fumbo ndilo silioni."

"Haya," akasema, akanyanyua ndoo yake. Hiyo 'haya' yake ilinichoma kuliko matusi ya Mwishehe.

Alasiri watu walikaa uani, wanawake upande wa jiko, wanaume kwenye mikeka. Mwishehe alisimama na kitabu, na mkewe alikuwa karibu naye na kikapu cha karanga, amekiinamisha makusudi nikione kilivyo kitupu, kinangoja karatasi zangu.

"Wafiwa na wasiofiwa," alisema Mwishehe, "mnadhani mie nimemkamata Mmarekani kwa ujeuri wangu. Hapana. Nimetumwa. Mwezi uliopita bibi huyu tuliyemzika aliniita kibarazani pake. Akaniambia, 'Mtani, mie sina siku nyingi. Nikifa, mchukue yule Mmarekani, usimwachie Poli mpaka aseme. Kila nikimuuliza ananiambia mazito, mazito. Mie nakufa sijui.'"

Mimi nilisimama pale na karatasi yangu mfukoni. Nilimkasirikia Mwishehe, na nilimkasirikia marehemu, Mungu anisamehe. Kama alitaka kujua, kwa nini hakunishika shati akanilazimisha? Nikaiacha karatasi mfukoni. Shairi lililonijia ni lile ambalo neno lake moja lilinichukua siku mbili kulipata.

"Kuna mtu," nikasema, "ameazima ngazi kwa jirani yake, atengeneze paa. Anamaliza, anakaa nayo. Siku anayoibeba kuirudisha, anakuta jirani amekufa na nyumba imefungwa. Anarudi nayo kwake, anaisimamisha uani. Theluji inaanguka. Anatazama dirishani, anaona theluji imekaa kwenye kila kipandio, kama watu waliopanga foleni." Nikamtazama Mwishehe. "Basi."

"Basi?" akauliza Mwishehe.

"Ndiyo mwisho."

"Theluji ndiyo nini?" mzee mmoja akauliza.

"Barafu ya kwao, inaanguka toka juu kama pamba."

"Angempa mjane hiyo ngazi!" akadakia mwanamke upande wa jiko.

"Mjane apande wapi?"

"Aiuze!"

"Kama nyumba imefungwa, mjane yuko wapi? Huyo hakuwa na mjane."

"Angempelekea balozi wake wa nyumba kumi, ashuhudie."

"Marekani hakuna balozi wa nyumba kumi, we!"

"Ndiyo maana vitu vinawakalia uani!"

Wakaendelea hivyo, kila mtu na hukumu yake juu ya ngazi. Nikasimama kama mwalimu aliyepoteza darasa. Nikasema kwamba hilo ni shairi na si shauri la barazani. Hakuna aliyenisikia.

"Na fumbo lake, mtani?" akauliza Mwishehe kwa sauti ya chini.

"Sijui."

"Hujui?"

"Sijui!" nikapiga kelele. "Miaka mitatu nalitafuta silioni! Umefurahi sasa?"

Nilikuwa nimekasirika mbele ya mtani, mchana kweupe. Nikangoja hukumu yangu.

Mwishehe hakuwa ananitazama mimi. Alikuwa anamtazama Tunu, jirani yetu wa ukuta mmoja, ambaye alikuwa ameinuka kutoka upande wa jiko, akatoka bila kuaga. Tukasikia mlango wake. Akarudi na chekeche la shangazi, lile la unga.

"Nililiazima kabla ya Pasaka," akasema. "Kila siku nasema kesho." Akaanza kulia, si kilio cha msibani cha kupokezana, bali kwa pumzi fupi fupi, na Sesilia akaenda kumshika.

Mwishehe akanipa kitabu. Mchuzi ulikuwa umekauka kwenye ndevu za picha, na hautoki mpaka leo. Nimejaribu kwa kitambaa kibichi.

Tunu alipopata nguvu alipita mbele yangu akaingia ndani, akalitundika chekeche kwenye msumari wa shangazi, juu ya mahali alipokuwa akitandika mkeka wake. Nilitaka kumwambia alichukue. Avelina wetu alikuwa na miaka saba, na Sesilia alikuwa na la kwake. Nani alitumie? Lakini watu walikuwa wamekwisha kuanza kukunja mikeka, na mimi nilikuwa na kitabu mikononi, sijui nikiweke wapi.