Nyuki wa Marehemu

Mama alikubali mengi baada ya kufiwa na mumewe, lakini kuambiwa kwamba nyuki wa marehemu ni wagonjwa, hilo lilimshinda. Walikuwa wapole ajabu. Baba alikuwa akiwafungulia mzinga amevaa fulana tu, wakimtembelea mkononi kama wajukuu. Mzinga ulikuwa umebaki mmoja.

"Wamechoka tu," Mama alisema. "Hata mimi nimechoka."

Kitinda, mziwanda wake, alifanya kazi maabara ya mifugo. Alisaga matumbo ya nyuki wachache kwenye tone la maji, akamwita mama yake kwenye hadubini. Mama alifumba jicho moja, akaona punje tele, kama mchele uliomwagika.

"Ni vimelea. Kila kimoja ni seli moja tu, hakina mkono wala mguu, lakini kinazaana tumboni mpaka nyuki afe njaa na asali ipo."

"Na malkia?"

"Anavyo. Hamalizi msimu."

Njia ilikuwepo. Yai la malkia na la kibarua ni lile lile. Malezi ndiyo huwatenganisha. Buu akinyweshwa maziwa ya nyuki mpaka mwisho huwa malkia. Akiachishwa mapema huwa kibarua, afagie na kuchota maisha yake yote. Ila maziwa hayo hutoka kwa nyuki yaya, na yaya mwenye vimelea hukaukiwa. Kwa hiyo ilibidi mabuu wachanga wapelekwe kwenye mzinga wenye afya uliotolewa malkia wake, walelewe huko. Mzinga kama huo alikuwa nao shangazi.

"Kwa wifi?" Mama aliruka. "Wale si nyuki, ni majambazi! Watoto wa baba yako wakajifunze ujambazi?"

"Ukali uko kwenye damu, Mama. Hauko kwenye maziwa."

Mama alinuna, kisha akakubali. Kitinda aliwachota mabuu kwa ncha ya unyoya, akawalaza kwenye vikombe vya nta vilivyobandikwa kwenye fremu ya mbao, akawapeleka kwa shangazi wakiwa wamefunikwa taulo bichi. Wale majambazi waliwapokea bila maneno, na vikombe vikaanza kurefuka.

Halafu Mama akaenda kusalimia. Jioni Kitinda alimkuta jikoni anaimba, jambo ambalo hakuwa amelifanya tangu msiba.

"Nimewarudisha nyumbani," alisema. "Mpaka lini mtoto akae kwa watu? Nimeiweka fremu kwa mama yao."

Kitinda alikimbia uani bila hata kofia ya wavu. Maji yalikuwa yamekwisha mwagika. Malkia wawili hawakai mzinga mmoja. Kila kikombe kilikuwa kimetobolewa ubavuni na aliyekuwemo ametupwa nje. Alirudi ndani, akaweka kikombe kimoja kilichotobolewa mezani mbele ya Mama. Tundu lile lilimuuma Mama kuliko matusi.

"Mayai yapo?" Mama aliuliza baadaye.

"Machache. Ni ya mwisho."

Yalipoanguliwa, Kitinda aliutupa unyoya mezani kwa hasira. Mama akauokota. Aliwahamisha mabuu mwenyewe, mmoja mmoja, pumzi ameibana, kisha akawabeba kifuani mpaka mlangoni kwa wifi yake.

"Nimekuja kuomba."

"Mwizi wa fremu leo kabisha hodi!" shangazi alisema, akaenda kuwasha bomba la moshi la kutuliza nyuki.

Nyuki wa shangazi walikubali kikombe kimoja tu. Kilitosha. Malkia mchanga alitoka, akaruka kupata madume, akarudi, akataga mumo humo mzingani mwa shangazi. Yule wa zamani alipokufa, Mama alikitia moto kile kisanduku kikuukuu cha mzinga wa Baba, kilichojaa vimelea, na kusimama pale mpaka kikawa majivu.

Nyuki wakali wa shangazi walikufa kwa uzee, nafasi zao zikajazwa na mabinti wa malkia mpya. Siku moja shangazi aliwaita Mama na Kitinda. Mama alivua glavu, akaweka kiganja juu ya fremu. Nyuki wakampanda, wakatembea vidoleni taratibu. Mmoja akamdunga.

"Huyu wako, wifi," Mama alisema, anacheka na machozi yanamtoka.

"Wachukue sasa," shangazi alimwambia. "Ni wa kaka yangu, kwa hiyo ni wako."

Mama alikung'uta mkono polepole, akarudisha kifuniko.

"Nyumbani nilishawaua mara moja," alisema. "Waache hapa walipolelewa. Nitakuja mimi."