Vikuti vya Kisima cha Bi Esha

Kwa masimulizi ya Bi Esha, mwanamke ambaye hajapata kuona jambo akaliacha libaki dogo, Kahaso binti Chirau alionekana alfajiri amepiga magoti kisimani, jicho moja kalifumba, jingine kalibandika kioo, anazungumza na ukuta.

"Na ukuta ukamjibu!" Bi Esha aliapa, akaihamisha tambuu kutoka shavu hili hadi lile ili maneno yapate nafasi. "Wallahi nimesikia kwa masikio yangu. Kahaso kasema, 'Ngojeni jamani, msidondoke.' Ukuta ukasema, 'Mmh.'"

Ile "mmh" huenda ilitoka kwa mbuzi. Mengine yote yalikuwa kweli. Kahaso alikuwa amepiga magoti, na alikuwa akisema, ila hakuwa akisema na ukuta. Alikuwa akivisihi vijimea vilivyoota ukutani, upande usioonana na jua, pale ndoo inapogonga jiwe na kulirushia maji kila ipandapo. Watu wa vitabu huviita kuvumwani. Bi Esha, mwenye kisima, aliviita uchafu. Kahaso aliviita vikuti.

Jina hilo hakulifuata mbali. Baba yake, Mzee Chirau, alikuwa mshonaji wa makuti ya kuezekea, na tangu Kahaso alipotoka shule darasa la nne alikaa naye bandani, akikunja ukuti juu ya ufito na kuushona, akikunja na kushona, mpaka vidole vyake vikajua kazi kuliko macho. Basi wakati wa masika, dada mmoja aitwaye Rispah aliposhuka Diani na viatu vya raba na mfuko begani, akiuliza nani atamwonyesha mahali penye kivuli na majimaji, ni Kahaso aliyempeleka kisimani. Rispah akampa kioo kidogo cha kukuzia, akamwambia atazame. Kahaso akatazama, akacheka kwa sauti. Juu ya jiwe palikuwa na shamba zima la minazi isiyo na shina! Kuti baada ya kuti, majani yamepangwa safu mbili, kushoto na kulia, na kuti lenyewe halifiki urefu wa ukucha.

"Haya nani kayashona?" aliuliza.

Rispah alikuwa mwanafunzi wa chuo huko Nairobi, mtu wa bara, na Kiswahili chake kilikwenda kwa haraka bila kungoja sarufi. "Hii iko kila mahali," alisema. "Nimeipata Kakamega, nimeipata Taita. India iko, Ulaya iko. Ni ukoo mkubwa sana. Kazi ni kujua nani ni nani."

Kazi hiyo ilimwingia Kahaso kama uzi katika tundu la sindano. Alijifunza kwamba kila jani la kikuti lina mfuko chini yake, mfuko unaokumbatia shina, na kwamba mfuko huo ndio chapa ya ukoo wote. Kisha unatazama ukingo. Wengine wana pindo jembamba la rangi ya mpauko likizunguka jani lote. Wengine hawana kabisa. Wengine pindo liko mfukoni tu. Mtu aliyevaa leso tangu utotoni hakuhitaji kuelezwa pindo mara mbili.

Alikosea pia. Siku moja waliporudi kutoka msitu wa Shimba alimletea Rispah vijimea vya namna mbili, kifua mbele. "Hawa si ndugu, dada. Huyu kanyooka, huyu kajikunja kama kiwavi." Rispah hakumbishia. Alikidondoshea kile kilichojikunja tone la maji. Wakakaa wanakitazama. Kikajinyoosha taratibu, jani kwa jani, mpaka kikafanana na mwenzake kama pacha.

"Ni yule yule," Rispah alisema. "Alikuwa na kiu tu."

Kahaso alijicheka mpaka akaketi chini.

Kabla ya kuondoka, Rispah alimwachia kile kioo, kwa muda, na maneno ambayo Kahaso alilala nayo na kuamka nayo. "Chuoni tunataka mtu wa kukaa na hizi mimea huku pwani mwaka mzima, aone zinazaa lini. Nikikutaja wewe, wakubwa wataniuliza, umejuaje anaweza? Nionyeshe doa moja, Kahaso. Moja tu, ulilolilinda mpaka likazaa. Bila vikofia vinavyofunika mbegu, na yale meno yaliyo ndani ya vikofia, hata mimi siwezi kuapa huyu ni nani."

Na Mzee Chirau, kwa upande wake, alikuwa amekwisha kumpa dada yake wa Msambweni ahadi: hii kazi ya majani ikishindikana, Kahaso atakwenda kumlelea watoto. Shangazi huyo alimpenda sana. Watoto walimpenda zaidi, na mapenzi yao waliyaonyesha kwa kumvuta nywele.

Basi Kahaso akalinda. Vuli zikanyesha. Katikati ya vikuti vikachomoza vijiti vyembamba kama uzi, na juu ya kila kijiti kikombe kisichozidi punje ya mchanga, na juu ya kikombe kikofia chenye ncha. Ikafika Disemba. Bendera yetu ya uhuru ilitimiza miaka miwili, watu wakacheza ngoma mpaka wakapoteza viatu, na pepo za kaskazi zikaanza kuukausha ukuta. Ndipo alipoanza kuvisihi. Ngojeni jamani, msidondoke.

Habari aliileta Kavumbi, utingo wa basi la Likoni, akiwa ananing'inia mlangoni. "Kahaso! Yule dada yako wa Nairobi anakuja kesho! Anakuja kuutazama ukuta wa kisima cha Bi Esha!"

Angemnong'oneza ingekuwa heri. Lakini Kavumbi hakuumbiwa kunong'ona, na habari ile waliisikia mpaka waliokuwa wakipika.

Asubuhi yake Kahaso alipita kisimani, akavikuta vikofia vyake vimesimama, akashukuru Mungu. Kisha akaenda Ukunda kupeleka mzigo wa makuti ya baba yake. Aliporudi, adhuhuri imekwisha, kilichomlaki kwanza ni harufu. Harufu ya chokaa mbichi.

Kisima kilikuwa cheupe kama kanzu ya Idi. Ukuta ulikuwa umesuguliwa kwa makumbi ya nazi na mchanga, ndani na nje, kila ufa na kila tundu, kisha ukapakwa chokaa mara mbili. Hata jiwe la kutulizia ndoo lilikuwa jeupe. Na pembeni walisimama Bi Esha na wanawake wa mtaa, leso wamezifunga kiunoni, chokaa imewarukia puani, wanamngoja aseme neno.

"Tumekutoa aibu, mwanangu," Bi Esha alisema. "Mgeni atoke Nairobi kuja kuuona ukuta, aukute umeota ukoga? Watasema watu wa Diani hawaogi! Mbona umenyamaza? Pazuri, hapapendezi?"

Kahaso aliiona mikono yao imechubuka. Aliuona ukuta. Akaiona na njia ya kwenda Msambweni, ndefu, imenyooka.

"Panapendeza, mami," alisema, na sauti ikamkatika katikati.

"Huyu analia!"

"Silii."

"Analia, jamani, na si kwa furaha. Kuna nini?"

Akawaambia. Aliwaeleza vikuti, vikofia, meno, na ahadi ya Rispah, yote kwa pumzi moja. Wanawake wakatazamana. Bi Esha akatema tambuu, jambo ambalo hakulifanya ovyo.

"Astaghfirullah. Yaani tumesugua kazi ya mtu?"

"Uchafu mmeutupa wapi?" Kahaso aliuliza ghafla.

Hapo ndipo mwiko wa Bi Esha ulipomwokoa mtu. Kwake yeye, kilichotoka kisimani hakitupwi njiani, maana maji yataifuata njia hiyo yahame. Hurudishwa penye unyevu, chini ya mgomba ulio nyuma ya bafu. Wakaenda wote mbio. Rundo lilikuwepo, lakini jua na kaskazi vilikuwa vimelipitia tangu asubuhi, na kilichobaki ni kitu cheusi kilichosinyaa, kama majani ya chai yaliyokwisha kuchemshwa.

"Wamekufa," alisema mwanamke mmoja kwa huruma.

Kahaso alichuchumaa. Alichukua kimoja cha vile vyeusi, akakigeuza. Kilikuwa kimejikunja kama kiwavi.

"Hawakufa," alisema. "Wana kiu. Nipeni maji."

Ndoo ikaja. Alinyunyiza kwa ncha za vidole kama anyunyizaye unga wa mkate wa mofa, kidogo, kisha akangoja. Rundo likaanza kusogea, kusogea ambako huwezi kukuona ila unaona kumekuwa. Hapa kijani, na pale kijani. Kuti likajifungua, na jingine.

"Subhanallah," Bi Esha alisema polepole. "Tumewaua, nao wanaamka."

Ila makumbi yalikuwa yamevunja vijiti vingi. Wakapiga magoti wote kuuzunguka mgomba, kioo kikipita mkono kwa mkono, kila mmoja akifumba jicho na kukunja uso. "Mwanamke wewe, hilo ni jicho la kuku." "Niachie, na mimi nione." "Huyu ana kofia! Ah, ni mdudu." Kilio kikageuka kicheko bila mtu kujua kimegeukia wapi.

Aliyeona ni Bi Esha. Alikuwa ameokota kipande cha jiwe kilichobanduka na ukuta, kidogo kama kipande cha sabuni, na upande wa chini ambao makumbi hayakuufikia vikuti vilikaa vimeshikamana, vina vijiti, vina vikofia vyao kichwani. Kimoja kilikuwa kimeshaivua kofia yake. Bi Esha akakitazama sana. Kisha akacheka kwa meno yake yote mekundu.

"Jamani, huyu ni wa kwetu! Mtazameni kinywani. Ana meno mekundu, tena yamepasuka ncha. Huyu anakula tambuu!"

"Hodi!"

Rispah alikuwa amesimama penye bafu, mfuko begani, vumbi la barabara mpaka magotini, anawatazama wanawake wa mtaa mzima waliosujudia mgomba.

"Shikamoo, mama," alisema kwa mashaka.

"Marahaba, mwanangu. Karibu. Piga magoti."

"Dada," Kahaso alisema, akainuka. "Ukuta hauko. Yaani uko, lakini..."

Rispah alikuwa amekwisha kukiona kisima. Ulikuwa weupe wa kuumiza macho. Bi Esha hakungoja kuulizwa.

"Ni sisi tuliosugua. Kahaso hana kosa. Kwetu mgeni hapokewi na ukuta mchafu."

Kahaso alimnyoshea kile kipande cha jiwe kwa mikono miwili, na kioo juu yake. Rispah akautua mfuko, akachuchumaa, akakiweka kioo jichoni. Alianza chini, kama alivyomfundisha: mfuko, kisha pindo, kisha kijiti, akipanda nacho polepole mpaka juu.

"Lina pindo mfukoni tu," Kahaso alisema kwa sauti ndogo. "Na kofia zilichomoza vuli zilipokolea. Dada, nilikuwa nataka kukuomba. Hicho kioo niachie mpaka masika. Vingine vitaota. Hata penye chokaa vitaota, nitavingoja."

Rispah aliinua kidole kimoja, kumaanisha subiri, jicho halijabanduka kwenye kioo, na midomo yake, ikihesabu meno, ikaanza kusogea kama mtu anayezungumza na jiwe.

"Si niliwaambia?" Bi Esha aliwanong'oneza wenzake. "Sikilizeni sasa."

Wakatega masikio wote, magotini, chini ya mgomba. Tone la maji likaanguka kutoka kwenye jani. Kahaso akangoja.