Mawe ya King'ora

Suhaib alikifunga kile king'ora mchana kweupe, kaka yake Twaha akimwangalia. Alipanda juu ya meza ya mama yao, akatoboa ukuta wa ukumbi karibu na dari, akakaza skrubu, kisha akashuka akipangusa mikono. Kilikuwa kijisanduku cheupe cha plastiki chenye kioo kidogo mbele, kama jicho la samaki. Alikinunua Dubai, kwenye safari zake za kufuata redio za kuuza. Hakikutumia umeme wa ukutani, jambo lililokuwa na maana yake Kiwalani miaka ile ya mgao. Kilitumia mawe madogo ya tochi. Mtu akikatiza mbele yake kilipiga kelele, na hakikunyamaza mpaka kizimwe kwa rimoti.

"Cha kulinda stoo," alisema Suhaib.

Twaha alitazama kilikoelekezwa. Stoo ilikuwa mwisho wa ukumbi, mkono wa kulia. Upande wa kushoto, mlango ukitazamana na mlango, kilikuwa chumba alicholala yeye, mkewe Munira na watoto wao. Mwezi uliopita redio kadhaa zilitoweka stoo, na kufuli halikuvunjwa. Suhaib hakuwahi kumtaja mtu. Sasa hakuwa na haja tena ya kumtaja.

Nyumba ilikuwa ya baba yao, marehemu mzee Mwinshehe, aliyeijenga kwa matofali enzi zile Kiwalani ikiwa bado na mashamba ya mihogo. Aliwaachia watoto wake wawili na mama yao, Bi Tunu, ambaye alikaa chumba cha mbele. Kwa miaka mingi Twaha ndiye aliyewalisha wote. Alifanya kazi kiwanda cha nguo, na Suhaib alisomeshwa kwa mshahara wake mpaka alipoikimbia shule mwenyewe. Kisha kiwanda kikauzwa, wafanyakazi wakaambiwa waende nyumbani, na mwaka huohuo Suhaib akapata pasipoti. Mambo yaligeuka upesi kuliko mtu angeweza kuyazoea. Suhaib akaweka zulia, kochi na jokofu upande wake. Mkewe Zubeda akahamisha jiko, akasema hawezi kupikia watu wasiotoka asubuhi kwenda popote.

Kuanzia siku ile, familia ya Twaha iliishi kwa kujibana. Kukatiza katikati ya ukumbi ilikuwa hatari, lakini ukiutegea ukuta mgongo na kwenda kiubavuubavu, lile jicho halikukuona. Munira alijifunza kupita hivyo akiwa na ndoo ya maji. Watoto walijifunza pia, lakini watoto husahau. Walipokosea, king'ora kililia mpaka majirani wakaja dirishani, na Zubeda alitoka sebuleni taratibu, rimoti mkononi, kana kwamba ana siku nzima ya kufika.

"Nyie hamfundishiki," alikuwa akisema, na ndipo akikizima.

Bombani wanawake waliacha kumngoja Munira kwenye foleni. Mmoja alimuuliza mbele za watu kama redio za magendo zinapatikana kwake kwa bei ya chini. Munira alirudi nyumbani na ndoo tupu na hakumwambia mumewe, lakini Twaha alisikia kwa wengine. Bi Tunu alijaribu kusema na Suhaib. Alijibiwa kwamba kile kitu ni kwa usalama wa wote.

Suhaib aliposafiri tena alisimama mlangoni kwa mama yake, begi begani, akaaga kwa sauti ya kusikika mpaka mwisho wa ukumbi. Alisema mzigo aliouacha stoo ni mkubwa, king'ora kitakaa wazi usiku na mchana, na rimoti anayo Zubeda. "Nikirudi nikakuta pungufu, safari hii simuulizi mtu. Nakwenda polisi moja kwa moja."

Haukupita muda mrefu, king'ora kikaanza kulia peke yake. Haukuwa ule ukelele wake. Ulikuwa mlio mmoja mfupi, kama wa kifaranga, kisha kimya, kisha tena. Twaha alijua mara moja kwamba mawe yamechoka. Alifurahi. Alimwambia Munira waache kife, naye atatembea katikati ya ukumbi wa baba yake, mikono nyuma.

Munira hakufurahi. "Kikifa tumekwisha," alisema. "Hujamsikia mdogo wako? Kitu kikipotea wakati kimezimika, wataanza na nani? Watasema umekiua mwenyewe. Kile ndicho shahidi pekee tuliye naye humu ndani."

Twaha alimkatalia, akamwambia ana akili za kitumwa, kumlilia mlinzi wa gereza asilale. Walilumbana hadi wakanyamaziana. Asubuhi Munira alijibana ukutani akaenda sebuleni kwa Zubeda, akamweleza kwa adabu kwamba kile kitu kinataka mawe mapya. Zubeda alikuwa amekaa kwenye kochi akipaka hina miguuni. Hakuinua uso. Alisema bwana hakumwachia maagizo yoyote juu ya mawe, na kwamba kila mtu aangalie chumba chake.

"Kikizimika je?" aliuliza Munira.

"Kikizimika si ndiyo raha yenu?"

Siku chache baadaye kilinyamaza kabisa. Watoto waligundua wa kwanza, wakakimbizana ukumbini wakicheka. Munira aliwavuta ndani na kuwachapa, kitu ambacho si kawaida yake, kisha akakaa kitandani. Twaha alimtazama. Alipomwona anafunga nguo za watoto kwenye furushi, tayari kwa siku ambayo polisi watakuja kumchukua baba yao, alinyanyuka. Alichukua redio yake ndogo, ile aliyoitumia kusikiliza mpira, akafungua mgongo wake na kutoa mawe ambayo alikuwa ametoka kuyanunua.

Zubeda siku hiyo alikwenda arusini Temeke tangu asubuhi. Twaha alisogeza meza, akapanda. Bi Tunu alitoka chumbani kwake na fimbo yake, akaja kuishika meza isiyumbe.

"Unakifufua cha nini?" alimuuliza.

"Kiseme, mama. Mie nikisema sisikilizwi."

Alitoa yale ya zamani, ambayo moja lilikwisha kuvuja maji ya kutu, akapangusa kwa ncha ya shati, akaweka yake. Kitaa chekundu kidogo kiliwaka, kikazimika, dalili kwamba kitaanza kazi baada ya muda mfupi. Alishuka haraka, akarudisha meza, na wote wakarudi vyumbani kwa kujibana. Redio yake aliiweka juu ya kabati. Alijiona mjinga.

Zubeda alirudi alasiri, ananukia udi. Twaha na Munira walikuwa chumbani na mlango wao umefungwa, Munira akichambua mchele. Walisikia viatu vyake vikinyatia kando ya ukuta mpaka mwisho wa ukumbi, mahali ambapo hakuwa na kawaida ya kufika. Walisikia ufunguo ukizunguka kwenye kufuli. Alipotoka stoo akakanyaga katikati ya ukumbi, ndipo king'ora kikapasua nyumba.

Twaha alifungua mlango. Zubeda alikuwa mbele yake, karibu kiasi cha kuguswa, boksi la redio kaseti ubavuni, nusu limefunikwa kwa khanga ya arusi. Hakumtazama Twaha wala Munira. Alikuwa ametazama juu, kwenye kile kijisanduku, mdomo wazi. Kisha akaliweka boksi chini na kukimbilia chumbani kwake kutafuta rimoti, ambayo hakuwa ameishika tangu kizimike. Alichelewa kuipata. Muda wote huo kelele iliendelea, na majirani wakajaa dirishani kama walivyozoea, ila safari hii waliona boksi sakafuni, ufunguo unaning'inia kwenye kufuli, na wenye chumba cha kushoto wamesimama ndani ya mlango wao.

Alipokizima, Bi Tunu alikuwa amekwisha fika. Zubeda alimwambia kwamba bwana alimwagiza ampelekee mteja redio moja.

"Mteja gani?"

Zubeda alimgeukia Twaha akamuuliza nani kamruhusu kushika vitu vya watu. Munira alicheka, kicheko kibaya. Alisema miezi yote hii ameitwa mke wa mwizi bombani, watoto wake wametembea kama kaa ndani ya nyumba ya babu yao, na mwizi ndiye aliyekuwa anakuja na rimoti kuwafundisha adabu.

Zubeda alifunga dirisha, majirani wakabaki nje na minong'ono yao. Kisha akazungumza kwa sauti ya chini. "Mwambieni Suhaib. Mnadhani atawasikia? Mwenzenu ana mke Tanga, na nyumba kamjengea. Nimeyajua siku nyingi. Siku yangu ikifika nitatolewa humu na kibegi, na nyie mtaniangalia tu. Mie nami najenga yangu Mbagala. Nikitoa redio zake, naijenga kwa jasho langu la miaka yote niliyomvumilia."

"Na sie?" aliuliza Munira. "Sie tulikukosea nini?"

Zubeda alimtazama kama mtu aliyeulizwa kitu ambacho hakuwahi kukifikiria. "Hamkunikosea. Mlikuwepo," alisema, akaingia kwake.

Twaha alimngoja mdogo wake. Alikuwa amejiandaa vizuri, akipanga maneno akiwa anaoga, akiwa anakula. Suhaib alipofika alimwita chumba cha mama yao, Bi Tunu akiwa amekaa kitandani na tasbihi, akamsimulia kila kitu, polepole, bila kumtukana mtu. La Tanga pia alilitaja. Alimaliza akangoja uso wa mdogo wake ubadilike.

Haukubadilika. Suhaib aliuliza tu, "Mawe uliweka wewe?"

"Niliweka mie."

Suhaib alijikuna kidevu, akatazama sakafu. "Ungeyaacha tu yale mambo, kaka. Mie nilijua."

"Ulijua nini?"

"Kwamba ni Zubeda. Tangu zile redio za mwanzo."

Twaha alidhani hakusikia vizuri. "Ukakifunga mlangoni kwangu."

"Ningekifunga wapi? Nikimtuhumu yeye, kesho Kiwalani nzima inajua habari za Tanga, na ndugu zake wanakuja kunidai talaka na nusu ya mali. Nilitaka aogope tu, ajue nahesabu, apunguze. Watu nao walitaka jina." Alinyanyua macho. "Wewe ni ndugu yangu. Nilijua utavumilia."

Tasbihi ya Bi Tunu ilisimama. Twaha alikuwa amemlea huyu mtu. Alimshika mkono siku ya kwanza ya chuo cha Kurani, akampigania mtaani. Maneno yote aliyokuwa ameyapanga hayakuwa na kazi tena, kwa sababu aliyapanga kwa ajili ya mtu asiyejua.

Alimwomba kitu kimoja: atoke barazani baada ya swala, aseme mbele ya majirani kwamba Twaha hakuiba. Asimtaje mkewe wala Tanga, aseme hilo tu. Suhaib alisema haiwezekani, kwa kuwa watauliza basi nani. Aliongeza kwamba yakipoa atamfungulia kaka yake kibanda cha kuuzia kanda.

"Toka chumbani kwa mama yangu," alisema Twaha.

"Ni mama yetu."

"Toka, Suhaib."

Wiki iliyofuata Twaha alimleta fundi Marijani, mwashi wa Vingunguti aliyewahi kufanya naye kazi kiwandani. Walibomoa ukuta wa nje wa chumba, wakatengeneza mlango unaotokea uani, na ule wa ukumbini wakauziba kwa matofali. Suhaib alitoka kupinga. Alisema nyumba ni ya urithi, haibomolewi bila ya wote kukubaliana. Twaha aliendelea kumpitishia fundi matofali, hakumjibu, na Marijani naye akafanya kama hasikii. Majirani walisimama kutazama. Hakuna aliyeuliza sababu. Wengi walikuwa dirishani siku ile, na waliyoyaona walikwisha kuyapeleka bombani wenyewe. Mwanamke aliyemuuliza Munira habari ya redio za magendo alimpisha kwenye foleni. Munira alijaza ndoo yake na hakumsemesha.

Matofali yalipokaribia kufika juu, Bi Tunu alitoka na fimbo yake, akamwita fundi. Suhaib alidhani anakuja kuwasimamisha, akasogea pembeni ampishe. Bi Tunu alimwonyesha Marijani ukuta wa chumba chake mwenyewe, upande huohuo wa uani.

"Na huu toboa hapa," alisema. "Wa ukumbini uzibe kama wa huyu."

"Mama," alisema Suhaib.

"Ukumbi umeutaka, baki nao."

Alisema hivyo tu, akaenda kukaa kwenye kivuli cha ukuta mpaka kazi ilipokwisha.

Suhaib alisafiri, akarudi, akasafiri tena. Zubeda naye alizidi kwenda Mbagala, na mumewe hakumuuliza anakwenda kufanya nini. Safari moja Suhaib alirudi na doti za khanga kwa ajili ya mama yake. Ilimbidi atoke nje, azunguke nyumba nzima na kuingia uani kwa kaka yake, kwa sababu njia nyingine haikuwepo. Munira alikuwa ameinama anaosha masufuria. Suhaib alimpita akielekea mlangoni kwa Bi Tunu, kama mtu anayeingia kwake.

"Hodi hupigwa, shemeji," alisema Munira bila kuinuka.

Suhaib alisimama. Alirudi mpaka penye kona ya ukuta, furushi kwapani, jua likimpiga usoni, akapiga hodi. Twaha alikuwa ndani, amekaa nyuma ya pazia, na alimsikia. Alimwacha apige tena, na tena, ndipo akamkaribisha.