Mbegu Zilizoliwa Msibani

Mahindi mekundu ya mbegu, yale Mama aliyokuwa akiyatundika juu ya jiko yapate moshi, yaliliwa msibani kwake. Waombolezaji walikuwa wengi, mashangazi wakashusha kila kilichoning'inia jikoni, wakapika. Hakuna aliyeng'amua mpaka masufuria yalipooshwa.

Sasa bintiye, Kitindamimba, alikuwa shambani na mfuko wa mbegu za dukani, na mawingu yameshuka.

"Kupanda kunataka wawili," kaka yake alimwambia asubuhi. "Mmoja achimbe, mwingine adondoshe na kufukia. Wewe na nani? Na kivuli chako?"

"Nisaidie basi, Kaka."

"Kwa mgongo huu wa kukaa ofisini? Sikia, mdogo wangu. Mvua ikikuta shamba tupu, nalikabidhi kwa fundi matofali. Udongo ule anaumezea mate siku nyingi."

Udongo wa Mama, uchomwe tanuruni!

Aliuacha mfuko ukingoni, umefungwa, akaanza kuchimba. Hakugeuka nyuma. Mama alikuwa mkali kwa hilo: anayegeuka hupindisha mstari. Jembe likaingia, likatoka. Kisha akasikia nyuma yake: pu... pu. Kisigino kinafukia shimo, kwa kuchechemea kidogo, kama alivyochechemea Mama.

Alitaka kukimbia, lakini aliogopa zaidi kwamba akigeuka, zile hatua zitakoma.

"Usichoke, Mama," alinong'ona, machozi yakimdondokea mikononi. Akachimba mpaka mwisho wa shamba.

Alipogeuka, hapakuwa na mtu. Mashimo yote yalikuwa yamefukiwa, isipokuwa la mwisho, lililokuwa miguuni pake. Mfuko ulikuwa palepale, fundo halijaguswa. Akafukua shimo moja kwa kidole. Punje zilikuwa nyekundu, zinanuka moshi.

Kaka yake alitokea na fundi matofali, akicheka. "Umemaliza? Nani kakusaidia?"

Halafu akaziona nyayo. Kisigino kilicholalia ndani, chenye mpasuko. Udogoni, yeye ndiye aliyekuwa akikitoa miiba. Kicheko kikamkauka.

Fundi matofali alirudi kinyumenyume. "Ndugu yangu, mimi hapa sichimbi. Kwaheri."

Kaka yake alivua viatu, akaja polepole kando ya mstari, akachuchumaa penye shimo lililobaki wazi.

"Shikamoo, Mama," alisema kwa sauti ndogo.

Hapakuwa na upepo. Udongo ukaporomoka taratibu kutoka pande zote, shimo likajaa, na juu yake kisigino kikajichora.