Miaka Minane ya Rozalia

Mtendaji wa kata, kijana mpole aitwaye Edmund, alikigeuza kitambulisho cha Rozalia mara mbili kabla ya kumrudishia. Mpango wa majaribio wa pensheni ya wazee, alieleza, ulikuwa wa waliotimiza miaka sabini. Kitambulisho kilisema mama huyu ana sitini na mitano.

Rozalia alijua kosa ni la nani. Mwaka themanini na nane kiwanda kimoja cha pareto kilitafuta wanawake wasiozidi thelathini. Yeye, mwenye thelathini na sita, akajipunguzia minane. Humo kiwandani akakutana na Sosthenes, akamtajia umri uleule. Wakafunga ndoa bomani, na uongo ukahamia kwenye kila karatasi.

Sasa Sosthenes alikuwa amepooza upande mmoja, na sabini yake ilibakiza miaka miwili. Rozalia ndiye aliyemgeuza, akamwogesha, akamlisha, hadi kiuno kikaanza kumgomea. Wanaoandikishwa wangepata pia mhudumu wa kuja nyumbani. Hilo alilitaka kuliko pesa.

Akamwacha mumewe kwa jirani, akapanda basi kutoka Mbalizi mpaka Iringa, kwenye parokia alikobatizwa. Katibu alifunua daftari lililoanza kuachia nyuzi, akaliona jina: Rozalia, 1952.

Edmund alikisoma cheti cha ubatizo aliorudi nacho Rozalia, akasema bado anahitaji kiapo mbele ya wakili, na ndugu wa kuthibitisha. Rozalia hakuwa na ndugu mwingine pale Mbalizi ila mumewe.

Jioni alikaa ukingoni mwa kitanda cha mumewe.

"Baba Joyness, mimi si mdogo wako. Nimekuzidi miaka mitano."

Ulimi wa Sosthenes ulikuwa mzito tangu augue.

"Miaka yote hiyo," alisema, "nilijisifu kwa watu kwamba nimeoa binti."

Siku mbili alikataa chakula, akakataa kugeuzwa. Ya tatu, ngozi ya mgongo ilipoanza kuchubuka, aliomba karatasi ya uthibitisho, akaweka dole gumba bila kumtazama mkewe.

Orodha ilikuwa imefungwa jana yake. Edmund aliliandika jina la Rozalia mwanzoni mwa orodha ya awamu ijayo, lakini hakuweza kusema itaanza lini.

Rozalia alirudi, akapasha maji, akajifunga khanga kiunoni na kumwinamia mumewe. Sosthenes akashika ukingo wa kitanda kwa mkono wake mzima, akajisukuma kadiri alivyoweza.

"Polepole," alimwambia. "Na wewe ni mzee."