Bado ya Shangazi

Shangazi yangu, fundi cherehani, alikuwa na neno moja la kunikera: "Bado." Miaka miwili mizima nilikata magazeti tu, leo kola, kesho mikono. Nikigusa kitambaa cha mteja, ananipokonya mkasi. "Bado." Nilinuna, nikasusa chai, siku moja nikafungasha virago kabisa. Aliniacha nifike mlangoni, ndipo akauliza, "Na ile kola ya jana umeimaliza?" Nikarudi.

Kisha asubuhi moja akatandaza mezani hariri aliyoachiwa na marehemu mama yake, akanikabidhi mkasi. "Nishonee gauni. Vitambaa vya wateja vitafuata."

Nikaurudisha mkasi mezani. Hariri ile haikuwa na ya pili. "Shangazi," nikasema, "mimi bado."

Alicheka mpaka akajishika mbavu. "Hilo neno ni langu, usiniibie. Kata!"

Nikakata. Leo nina cherehani tatu zangu mwenyewe, na sijawahi kumharibia mtu kitambaa. Isipokuwa yeye. Gauni lile lilimbana kwapani, nami niligundua baada ya miaka, nilipokuwa nalifua nikaona mishono ya hapo imevutika. Alikuwa amelivaa mpaka likapauka, na hakuniambia hata siku moja.