Kuni za Mheshimiwa Truscott

Msumeno ulikwama kwenye fundo la mbao, na Nicanor Archuleta akalaani chinichini ili mkewe asisikie. Casimira alikuwa ameshika upande wa pili, macho ameyageuzia ukutani. Kilichokuwa kikikatwa ni mtambo wake wa kufumia mablanketi, aliourithi kwa mama yake, na mama yake kwa mama yake. Juzi walikuwa wamechoma benchi. Kabla ya hapo mlango wa zizi, na zizi lenyewe la nini tena, wakati kondoo wote wameshauzwa?

"Mguu huu uache," Casimira alisema. "Labda siku moja..."

"Siku moja gani?"

Chumbani Rosenda, binti yao, alianza kukohoa kile kikohozi kikavu kisichomwachia nafasi ya kuvuta pumzi. Casimira akausogeza ule mguu chini ya msumeno kwa mkono wake mwenyewe.

Dirishani mlima ulionekana palepale ulipokuwa siku zote, umefunikwa na misonobari hadi juu. Kuni za kukitosha kijiji chao cha Ojo Frío mpaka siku ya kiama. Lakini chini ya mlima sasa ilipita seng'enge, na vijana wawili wa kijiji walioiruka kufuata matawi makavu walikuwa jela, wameitwa wezi. Wezi wa nini? Mlima ule mfalme wa Hispania aliwapa babu zao, wote kwa pamoja, kuni na malisho na maji, na haukupata kuwa wa mtu mmoja. Ikaja bendera ya Meksiko, ikaja ya Marekani, watu wakaendelea kupandisha kondoo wao. Bendera hazikuwadhuru. Aliyewadhuru ni wakili.

Alden Truscott aliingia Ojo Frío akitokea Missouri, na nyumbu anayechechemea na koti lililochanika makwapani. Mgeni njoo, mwenyeji apone, ndivyo walivyompokea. Alikula maharagwe na pilipili mezani kwa Nicanor majira yote ya baridi, na koti lake Casimira ndiye aliyelishona. Wakati huo mfugaji mmoja kutoka Texas alikuwa ameswaga ng'ombe wake ndani ya malisho yao, akidai eti ardhi ile haina mwenyewe. Truscott akaenda nao mahakamani Santa Fe, akamhoji yule bwana hadi jasho likamtoka, na ng'ombe wakaondoka. Haki yake apewe, alijua kusema. Rosenda alipozaliwa, ni Truscott aliyempakata kwenye maji ya ubatizo. Tangu hapo yeye na Nicanor wakawa wanaitana kompadre, kama wanavyoitana baba mzazi na baba wa ubatizo. Na kwa watu wa huko kompadre anampita ndugu wa tumbo moja, kwa sababu ndugu hukumchagua.

Ukabaki ujira wa wakili. Kijiji hakikuwa na fedha. Truscott alisimama mbele yao kanisani, kofia mkononi, akasema hataki hata senti yao. Wamhesabu tu kuwa mmoja wao. Wampe fungu mlimani kama la mwanakijiji mwingine yeyote, basi. Watu nusura watoe machozi. Mmarekani anaomba kuwa mtu wa Ojo Frío! Aliyepinga ni Bibi Eufemia peke yake, mjane asiyeogopa mtu. Alisema wakili hulipwa kondoo, hulipwa blanketi, halipwi mlima; ukimpa shubiri atachukua pima. Nicanor ndiye aliyemnyamazisha.

"Bibi, hilo fungu lake liko wapi?" alimwuliza mbele ya watu wote. "Halina mwanzo, halina mwisho. Ni la wote. Atalibeba mgongoni?"

Kanisa zima likacheka, na Bibi Eufemia akakaa.

Kisha kompadre akaingia kwenye siasa. Nicanor alimpigia kampeni nyumba kwa nyumba, na Ojo Frío yote ikampa kura aende kwenye Baraza la kutunga sheria. Huko alitunga sheria yake. Ilisema kwamba mwenye fungu katika ardhi ya pamoja anaweza kuiomba mahakama imkatie lake, na ikiwa ardhi haikatiki, yote inadiwe. Ilisomwa mjini, kwa Kiingereza. Ojo Frío hakuna aliyeisikia hadi walipokuja wapimaji na minyororo yao, wakatembea mlimani, wakasema huku msitu, kule mwamba, maji yako upande mmoja tu, mlima huu haukatiki. Aliyekuwa ameomba akatiwe fungu lake ni Alden Truscott. Mlima ukanadiwa mlangoni mwa mahakama asubuhi moja ambayo theluji ilikuwa imefunga njia zote. Mnunuzi alikuwa mmoja, kampuni fulani. Kila nyumba ikaletewa mgawo wake wa fedha za mauzo, na mgawo huo haukutosha jozi ya viatu.

Kwa muda mrefu Nicanor aliwaambia watu kwamba kompadre hajui, kompadre kachezewa na makarani wake. Alikuwa anajidanganya na alijua kwamba anajidanganya. Lakini mtambo ulipokwisha wote jikoni, alivaa viatu vyake akashika njia ya Santa Fe.

Truscott alimkumbatia mlangoni kabisa, mbele ya wageni. Sasa aliitwa Mheshimiwa na alikuwa anagombea kuwa mjumbe wa Jimbo huko Washington. Akaagiza kahawa, ikaletwa kwenye vikombe vyembamba ambavyo Nicanor aliogopa kuvishika.

"Kompadre, umekonda," Truscott alisema. "Casimira hakupikii?"

"Anapika tukipata kuni."

Truscott akashusha pumzi. "Lile jambo la mlima liliniuma sana. Nataka ujue hivyo."

"Uliuuza."

"Mimi? Mahakama ndiyo iliyouza, kompadre."

"Aliyeiomba mahakama ni nani?"

"Mwenye fungu yeyote angeweza kuomba." Truscott alisema kwa upole, jinsi alivyokuwa akiwaeleza mambo ya kesi enzi zile. "Hata wewe ungeweza. Sheria haikukubagua."

"Mimi niombe mlima wetu uuzwe?"

"Nasema ungeweza."

Nicanor alitaka kukipiga kikombe kile ukutani. Badala yake alijisikia akiomba, na sauti yake mwenyewe ikamchukiza: njia ya kuni ifunguliwe, hadi theluji iyeyuke tu, hiyo tu. "Mwanao wa ubatizo anakohoa," alisema. "Usiku hatulali."

Macho ya Truscott yakalowa machozi, na ya kweli kabisa. Akamshika bega. Alisema njia si yake kuifungua, ni ya kampuni, na katika kampuni ile kuna mabwana wakubwa, yeye yumo kidogo tu. Lakini ataona la kufanya. Nicanor arudi nyumbani, na salamu nyingi kwa Casimira.

Siku moja kabla ya kupiga kura, mikokoteni iliingia uwanjani mbele ya kanisa. Ilikuwa imejaa kuni za msonobari zilizopasuliwa vizuri, mizigo mizigo, na kila mzigo umefungwa utepe mwekundu. Watu walitoka majumbani wamejitanda walichonacho. Nicanor alitoka pia, na njiani alikuwa ameshajiapiza: leo atamwuliza hadharani, kijiji kizima kikisikia, kampuni ile ni ya nani.

Truscott alikuwa amesimama juu ya mkokoteni, kofia mkononi.

"Niliambiwa mna baridi, ndugu zangu," alisema kwa Kihispania chake kizuri. "Aliyeniambia ni kompadre wangu, Nicanor. Alikuja kwangu kwa miguu kuwaombea. Mshukuruni yeye, msinishukuru mimi."

Watu wakapiga makofi. Mtu alimsukuma Nicanor mbele kwa furaha, na Truscott akashuka, akaushika mkono wake na kuuinua juu. Rosenda, aliyefundishwa adabu, alijitoa kwenye blanketi la mama yake akaja kupiga magoti mbele ya baba yake wa ubatizo, na Mheshimiwa akamwekea kiganja kichwani akambariki. Mtoto akakohoa. Wanawake wakajifuta macho.

"Kompadre, wewe unazijua nyumba zote," Truscott alisema. "Wagawie."

Nicanor alimtazama Casimira. Casimira alikuwa anazitazama kuni.

Akainama akabeba mzigo wa kwanza. Utomvu ulimganda viganjani. Watu walipanga foleni, wakapokea mmoja mmoja, wengine wakambusu mkono, hadi ilipofika zamu ya Bibi Eufemia. Bibi hakunyoosha mikono.

"Nicanor," alisema. "Kuni hizi za wapi?"

Truscott alikuwa karibu, anatabasamu, anasubiri jibu kama wengine.

"Za Mheshimiwa," Nicanor alisema.

Bibi Eufemia akanyoosha mikono, maana nyumbani kwake hakukuwa na moto tangu Jumapili. "Basi Mungu ambariki," alisema. "Na kompadre wake pia."

Nicanor akageuka kuchukua mzigo wa mtu aliyekuwa nyuma ya Bibi.